Nani Alilipia Ngome ya Osaka?

Katika miji mingi ya Japani, mgeni mwenye saa mbili za ziada anaweza kujiunga na kundi dogo la wasafiri, akamfuata mwongoza watalii mwenye kibendera mkononi, na kutembezwa kwa miguu katika kile kinachotangazwa kuwa historia ya samurai. Biashara hii inashamiri, wala si ajabu. Ina kila anachokitamani msafiri: ngome yenye mapaa yaliyopinda juu ya mahandaki ya maji, panga, kofia za chuma zenye pembe, na simulizi za watu walioona heri kufa kuliko kuaibika. Niliyafanya matembezi ya namna hiyo katika Ngome ya Osaka. Sina lalamiko juu ya aliyetuongoza; alikuwa mchangamfu, mwenye subira, na tarehe alizitaja bila kutazama karatasi. Ninalotaka kulijadili ni zito kuliko umahiri wa mtu mmoja. Matembezi yale yalitupitisha mbele ya ushahidi karibu wote wa namna utawala wa wenye panga ulivyogharimiwa, na hayakutusimamisha popote tukauliza: nani alilipa?

Tuanze na mawe, kwa kuwa ndiyo yanayompokea mgeni. Kuta zinazoonekana leo si zile alizozijenga Toyotomi Hideyoshi kuanzia mwaka 1583. Ngome yake iliangamia mwaka 1615, majeshi ya Tokugawa yalipoufutilia mbali ukoo wake, na kuanzia mwaka 1620 washindi waliifukia. Walimwaga udongo juu ya kuta zake na kupandisha nyingine kubwa zaidi, ili asiwepo wa kukumbuka kwamba mahali pale paliwahi kuwa na bwana mwingine. Ukuta wa Hideyoshi uligunduliwa chini ya ardhi mwaka 1959. Sehemu nyingine iliyofukuliwa mwaka 1984 ndiyo inayooneshwa, tangu Aprili 2025, katika jumba jipya ambamo mgeni hushuka chini kwenda kuutazama. Hili mwongozaji wetu alilieleza vizuri, na kwa haki kabisa kundi zima lilistaajabu.

Asichokieleza ni kwamba Tokugawa hakujenga kwa fedha yake. Kwa takriban miaka kumi, mabwana zaidi ya 60 wa majimbo, wale waitwao daimyo, waliagizwa kuleta mawe na vibarua kwa gharama zao wenyewe. Ilikuwa amri yenye shabaha mbili: shogun apate ngome, na mabwana wale wasibaki na akiba ya kuasi. Kila ukoo ulichonga alama yake juu ya mawe yake ili yasichanganyike na ya jirani, na alama hizo zingali zinaonekana mpaka leo: duara, mstari, mshale. Watalii huziona kama mapambo. Mimi naziona kama stakabadhi.

Jiwe maarufu kuliko yote limo ndani ya lango la Sakura. Huitwa Tako-ishi, yaani jiwe la pweza, kutokana na doa lenye umbo hilo kwenye pembe yake ya chini. Upana wake unakaribia mita 12, kimo chake ni mita 5 na nusu, na uzito wake unakadiriwa kuwa tani 108, ingawa unene wake si mkubwa kama uso wake unavyodanganya. Lilitoka katika visiwa vya Bahari ya Ndani ya Seto, likaletwa na ukoo wa Ikeda wa Okayama. Hapo tulitakiwa tukisie uzito. Aliyekaribia zaidi alipigiwa makofi, kisha tukapiga picha. Lakini jiwe la tani 108 halisogei kwa heshima ya upanga. Husogezwa na kamba, mashua, magogo na migongo ya watu, na watu hao walikula. Chakula chao nani alikilima?

Jibu linajulikana, na si la siri. Utajiri wa daimyo ulipimwa kwa koku, kipimo cha takriban lita 180 za mchele, kilichohesabiwa kuwa kinamtosha mtu mmoja kwa mwaka mzima. Mkulima alitoa sehemu nne kati ya kumi za mavuno yake, na penye bwana mkali akatoa nusu. Mchele huo ndio uliokuwa mshahara wa samurai. Baada ya mwaka 1615, ukiacha uasi wa Shimabara wa 1637 na 1638, Japani haikuona vita kubwa kwa zaidi ya miaka 200. Samurai wa kawaida wa enzi hiyo, ambao pamoja na familia zao walikuwa kama watu sita au saba katika kila mia, walikuwa makarani, walinzi wa malango, wakaguzi wa maghala na watunza vitabu. Upanga kiunoni ulikuwa kitambulisho cha kazi. Ukitaka kumwelewa samurai wa karne ya 18, usimfikirie akichinjana na adui nyikani. Mfikirie ofisini, akisubiri mgawo wake wa mchele, huku sehemu yake tayari imewekwa rehani kwa mfanyabiashara.

Na mfanyabiashara huyo aghalabu alikuwa wa Osaka. Majimbo yalileta mchele wa kodi katika maghala yao mjini humo, hasa Nakanoshima, ili uuzwe na kugeuzwa fedha. Katika soko la Dojima, ambalo serikali ya shogun ililitambua rasmi mwaka 1730, watu waliuziana kwa maandishi mchele wa siku zijazo, ambao muuzaji hakuwa nao wala mnunuzi hakutaka kuuona. Wanahistoria wa uchumi hulitaja soko hilo miongoni mwa masoko ya mwanzo kabisa ya aina hiyo duniani. Dojima haiko mbali na ngome. Hata hivyo matembezi ya samurai hayafiki huko, kwa sababu mtu akishaona ghala, wino na daftari la madeni, shujaa wa kofia yenye pembe anapungua kimo.

Yupo samurai mmoja wa Osaka ambaye kisa chake peke yake kingetosha kwa saa zote mbili, na jina lake halikutajwa siku ile. Oshio Heihachiro alizaliwa mwaka 1793 na akawa afisa wa polisi na mahakama katika ofisi ya hakimu mkuu wa upande wa mashariki, ofisi iliyokuwa karibu na ngome. Alijulikana kwa kuwaandama watumishi wala rushwa. Mwaka 1830 alistaafu, akajishughulisha na shule aliyoiendesha nyumbani kwake, akifundisha mkondo wa fikra za Wang Yangming, ambao humtaka mwanafunzi asitenganishe kujua na kutenda. Wengi wetu tulio katika kazi hii ya kufundisha tunalijua fundisho hilo kwa mdomo.

Ikaja njaa kuu ya enzi ya Tenpo. Mazao yalikosekana mwaka baada ya mwaka, bei ya mchele ikapaa, na watu wakaanza kufa katika mitaa ya mji uliokuwa ghala la nchi nzima. Wakati huohuo, hakimu wa Osaka aliamuru mchele upelekwe Edo, makao ya shogun. Oshio aliomba maghala yafunguliwe, akakataliwa. Aliwaendea matajiri wa mji akiomba mkopo kwa ajili ya maskini, wakamkatalia. Ndipo alipouza vitabu vyake, maktaba nzima aliyoikusanya maisha yake yote, na fedha akawagawia wenye njaa. Tarehe 25 Machi 1837, pamoja na wanafunzi wake na wakulima wa vijiji vya jirani, jumla yao wakiwa kama mia tatu, aliinua silaha dhidi ya serikali aliyoitumikia. Mpango ulikuwa umeshasalitiwa na watu wa ndani. Uasi ulizimwa siku hiyohiyo, lakini moto uliowashwa uliteketeza karibu sehemu moja ya tano ya mji, na waliounguliwa nyumba wengi walikuwa walewale maskini aliotaka kuwaokoa. Ni jambo la kulitafakari bila kumpamba: mwalimu mwadilifu alichoma mji. Alijificha kwa siku zipatazo 40, kisha akajiua kwa kuichoma nyumba alimojificha. Serikali iliihifadhi maiti yake katika chumvi na mwaka uliofuata ikaitundika msalabani hadharani, kana kwamba kifo hakikutosha.

Huyu alikuwa samurai kamili, kwa nasaba, kwa cheo na kwa upanga. Kama wadhifa ule ulikuwa na heshima yoyote ya ndani, wapi pengine tungeitafuta? Mbona basi hasimuliwi? Nadhani ni kwa sababu kisa chake hakiwezi kusimuliwa bila kutaja njaa, na njaa haiwezi kutajwa bila kutaja kodi. Ukishataja kodi, ngome nzima inabadilika sura mbele ya macho ya mgeni.

Badala ya Oshio, tulisimamishwa kwa muda mrefu mbele ya sanamu ya Hideyoshi, iliyo mbele ya hekalu dogo linalomtukuza, hatua chache kabla ya lango la Sakura. Simulizi yake inajulikana: mtoto wa ukoo wa kijijini asiye na jina aliyepanda hadi kuitawala Japani. Ni kweli, na ni ajabu. Ila mtu huyohuyo, mwaka 1588, aliamuru wakulima wote wanyang'anywe panga, mikuki na bunduki, akiwaambia kwamba chuma kitatumika kutengenezea misumari ya jengo la Buddha mkubwa jijini Kyoto, hivyo watapata thawabu. Miaka mitatu baadaye alipiga marufuku watu kuhama daraja: askari asigeuke mkulima, mkulima asigeuke mfanyabiashara. Aliyepanda ngazi aliivuta nyuma yake. Tena ni yeye aliyepeleka majeshi kuivamia Korea mwaka 1592 na mara nyingine mwaka 1597, vita iliyokoma kwa kifo chake tu. Askari wake walikata pua za Wakorea, wanajeshi na raia, wakazitia chumvi na kuzipeleka Japani kuwa uthibitisho wa idadi waliyoiua. Zimezikwa Kyoto katika kilima ambacho hadi leo huitwa Mimizuka, kilima cha masikio, jina la kupunguza makali ya ukweli. Kwa Mkorea anayefanya matembezi yale, na wako wengi Osaka, ukimya mbele ya sanamu ile si jambo dogo.

Kwa msomaji wa Afrika Mashariki, hapa ndipo huzuka swali la Yasuke, na kwenye kundi letu pia lilizuka. Tunajua kwamba aliwasili Japani mwaka 1579 katika msafara wa Mjesuiti Alessandro Valignano, na kwamba mwaka 1581 alikutana na Oda Nobunaga, bwana wa Hideyoshi, ambaye alimweka katika utumishi wake, akampa posho, upanga mfupi na makazi. Mwandishi Mfaransa wa karne ya 17 alidai kuwa asili yake ni Msumbiji, jambo linalowezekana, kwani meli za Wareno zilizofika Japani zilitoka katika mtandao uleule uliounganisha kisiwa cha Msumbiji, Mombasa na Goa. Nobunaga alipokufa mwaka 1582, msaliti wake aliamuru Mwafrika huyo asiuawe, eti ni kama mnyama asiyejua kitu wala si Mjapani, apelekwe kwa mapadri. Baada ya hapo kumbukumbu zinanyamaza. Siku hizi watu wanagombana kama alikuwa samurai halisi au la, na mashabiki wa michezo ya kompyuta wamelifanya jambo hilo kuwa vita ya itikadi. Naona tunadanganywa na cheo. Kinachonishughulisha zaidi ni jinsi mtu wa pwani yetu alivyojikuta mtumishi katika msafara wa padri upande wa pili wa dunia, na kwa nini hadhi yake yote ilitegemea pumzi ya bwana mmoja.

Sasa tufike mnarani, kwenye picha ile inayochapishwa katika kila tangazo. Mnara huu ni wa tatu. Wa Hideyoshi uliungua mwaka 1615. Wa Tokugawa ulipigwa na radi mwaka 1665 na haukujengwa tena. Maana yake ni kwamba kwa miaka 266, ikiwamo sehemu kubwa ya enzi ya Tokugawa, ngome hii haikuwa na mnara mkuu. Vizazi vya samurai waliolinda malango yake hawakuuona. Huu tunaoupanda kwa lifti ni wa zege na chuma, ulifunguliwa tarehe 7 Novemba 1931, na umbo lake ni mchanganyiko: sehemu za chini nyeupe kwa mtindo wa Tokugawa, ghorofa ya juu nyeusi yenye chui milia wa dhahabu kwa mtindo wa Toyotomi. Waliouana mwaka 1615 wamepatanishwa kwa saruji.

Sidharau ujenzi wa kisasa. Mnara huo umekwisha kuwa historia kwa haki yake. Ninachotaka ni tuitazame risiti. Meya Seki Hajime, msomi wa uchumi, ndiye aliyeongoza mpango huo mwaka 1928. Eneo la ngome lilikuwa mikononi mwa jeshi, na ili sehemu yake ifunguliwe kuwa bustani ya umma ilibidi jeshi lipewe makao mapya. Wakazi wa Osaka, matajiri kwa makabwela, walichanga yeni milioni 1.5. Mnara uligharimu takriban yeni 470,000. Takriban yeni 800,000, zaidi ya nusu ya mchango wote, zilijenga makao makuu ya Divisheni ya Nne ya jeshi. Wiki saba kabla ya mnara kufunguliwa, maafisa wa jeshi la Japani walioko Manchuria walilipua reli, wakaisingizia China, na kuanza uvamizi ambao haukusimama hadi 1945.

Jengo lile la jeshi lingalipo, mkono wa kulia ukitokea lango la Sakura, la mtindo wa ngome za Ulaya. Baada ya vita lilikuwa makao ya polisi, kisha makumbusho ya jiji hadi 2001, na tangu 2017 ni mahali pa mikahawa na maduka ya zawadi. Kundi letu liliingia kutumia choo na kununua aiskrimu. Nyuma ya ngome, upande wa mashariki, palikuwa na kiwanda kikubwa cha silaha cha jeshi, kilichotumia makumi ya maelfu ya wafanyakazi, wakiwamo wanafunzi wa shule. Tarehe 14 Agosti 1945, siku moja kabla ya mfalme kutangaza kusalimu amri redioni, ndege za Marekani zilikisambaratisha, na mabomu mengine yakaangukia kituo cha reli cha Kyobashi na kuua mamia ya raia.

Hili linahusianaje na samurai? Linahusiana kwa ukaribu kuliko watu wanavyodhani. Tabaka la samurai lilifutwa na serikali ya Meiji yenyewe: mwaka 1873 watoto wa wakulima walianza kuandikishwa jeshini kwa sheria, na mwaka 1876 samurai walikatazwa kuvaa panga, posho zao zikageuzwa hati fungani za serikali. Kitabu kilichoitangaza bushido duniani, cha Nitobe Inazo, kilitoka Philadelphia mwaka 1900, tena kwa Kiingereza, kikiwaeleza wasomaji wa Magharibi maadili ya tabaka ambalo lilikuwa halipo tena. Nitobe alikuwa mtu wa amani. Waliofuata hawakuwa hivyo. Jeshi liliichukua heshima ya wachache waliolishwa na wakulima, likaifanya wajibu wa watoto wa wakulima, hadi mwongozo wa askari wa Januari 1941 ukawaagiza wasikubali aibu ya kutekwa wakiwa hai. Mnara wa 1931 ulisimama katikati ya safari hiyo.

Najua nitakavyojibiwa. Mtalii amelipia burudani, si mhadhara. Tangu Januari 2018 sheria imemruhusu mtu yeyote kuongoza wageni kwa malipo bila leseni ya taifa, ushindani ni mkali, na mwongozaji anaishi kwa nyota anazopewa mtandaoni. Akizungumzia pua zilizotiwa chumvi, nani atampa tano? Hoja hii ina uzito, nami siwezi kumdai kijana anayetafuta riziki ujasiri ambao vyuo vyetu wenyewe havina. Lakini inamdharau mtalii. Watu waliosafiri nusu ya dunia kuona mahali wanaweza kuvumilia kuambiwa mahali hapo ni nini.

Tena ngome yenyewe haifichi. Jumba la makumbusho lililomo mnarani linamiliki viambaza vya kukunja vilivyochorwa kuonesha mapigano ya kiangazi ya 1615, vyenye watu zaidi ya 5,000, ambavyo kwa mapokeo viliagizwa na Kuroda Nagamasa, mmoja wa mabwana wa upande ulioshinda. Nusu ya kulia ni vita kama tunavyoipenda, bendera na farasi. Nusu ya kushoto ni raia wanaokimbia: wanavuka mto, wanaporwa mizigo, wanawake wanaburutwa na askari wa jeshi lililoshinda. Mchoraji, au bwana wake, aliona inafaa kuiweka nusu ile. Tulipofika kwenye ghorofa inayoyaeleza mapigano hayo, tulioneshwa bendera na farasi, kisha tukaambiwa tuna dakika kumi za kupiga picha kutoka juu, maana basi la saa nane lilikuwa linasubiri.

Tulishuka kwa ngazi za kaskazini. Hapo, upande wa kaskazini-mashariki wa msingi wa mnara, mawe ya ukuta yamehama mahali pake kwa mshindo wa mabomu ya 1945, na yameachwa hivyo. Kuna kibao kinachoeleza. Nilisimama kukisoma, kibendera kikatangulia.